Lango la Vizhinjam: amri ya ulinzi wa polisi iliyokaa siku 96 bila kufungua njia

Tarehe 1 Septemba 2022, Jaji Anu Sivaraman wa Mahakama Kuu ya Kerala, kusini mwa India, aliwaamuru polisi wawalinde wafanyakazi na magari ya kampuni inayojenga bandari ya Vizhinjam. Maandamano yaendelee, alisema, ila yawe ya amani. Mtu asiingie eneo la ujenzi wala asimzuie anayepita. Hema la waandamanaji lilikuwa limesimikwa mbele ya lango lenyewe. Siku ile halikung'olewa. Wiki iliyofuata halikung'olewa, wala mwezi uliofuata. Kazi ilirudi Desemba, na kilichoirudisha ni mazungumzo ya serikali na kanisa.

Kenya tumezoea ule mstari wa mwisho wa amri za mahakama: OCS, yaani mkuu wa kituo fulani cha polisi, ahakikishe amri hii inatekelezwa. Mawakili huuomba kama mtu anavyoomba chumvi mezani, na majaji wengi huutoa hivyo hivyo. Tanzania dalali wa mahakama naye hupeleka barua kituoni aombe askari wa kumsindikiza. Mara nyingi tunadhani ukishaupata mstari huo kazi imekwisha. Kisa cha Vizhinjam kinaonyesha mstari huo unabeba nini na hauwezi kubeba nini, na kinaonyesha wazi kuliko kesi nyingi, kwa sababu hapa aliyekuwa akiomba ulinzi hakuwa mwenye duka aliyefungiwa mlango. Alikuwa kampuni tanzu ya Adani, kundi kubwa la makampuni la India, yenye mawakili wa kutosha, na serikali ya jimbo yenyewe ndiyo iliyompa mradi.

Nani alikuwa akigombana na nani

Mkataba wa bandari ulitiwa saini Agosti 2015, ujenzi ukaanza Desemba mwaka huo. Vizhinjam ni kijiji cha wavuvi karibu na Thiruvananthapuram, mji mkuu wa jimbo. Kina chake cha asili hufika mita 18 hadi 20 bila kuchimbuliwa sana, na njia kuu ya meli kati ya Ulaya na Asia ya mashariki iko maili kumi hivi kutoka pale. Kwa mtu wa bandari hiyo ni bahati ya kupigiwa vigelegele: meli mama za kontena, zile kubwa kabisa, zilizokuwa zikishusha mizigo ya India kule Colombo, Sri Lanka, zingeweza kuishusha India yenyewe.

Ila bandari inahitaji ukuta wa kuvunja mawimbi, na ukuta huu urefu wake ni kilomita tatu na ushee. Hapo ndipo ugomvi ulipo. Mchanga wa pwani hautulii. Husombwa na mawimbi na mikondo, msimu huu huku, msimu ule kule. Ukiusimamishia ukuta, upande mmoja unajaa na upande wa pili unanyimwa. Wavuvi walisema ndicho kilichozikuta fukwe za kaskazini mwa bandari: Valiyathura, Shanghumugham na jirani zake, ambako bahari ilikula nyumba safu baada ya safu. Familia zilizopoteza nyumba zilikuwa zikiishi kwa miaka kwenye ghala kuukuu la saruji, vyumba vimegawanywa kwa mapazia na mbao. Kampuni na serikali zilijibu kwamba mmomonyoko ulikuwepo kabla ya bandari, kwamba vimbunga vimezidi, na kwamba tafiti hazijauonyesha ukuta kuwa ndiye mkosaji. Kimbunga Ockhi cha mwishoni mwa Novemba 2017 kiliua wavuvi wengi wa pwani hiyo na kuuharibu ukuta huohuo uliokuwa ukijengwa, hivyo kila upande ulikuwa na cha kukishika.

Wavuvi hao wengi wao ni Wakatoliki wa mapokeo ya Kilatini, na msemaji wao ni Jimbo Kuu la Trivandrum, yaani kanisa lao chini ya askofu mkuu (Trivandrum ni jina la zamani la Thiruvananthapuram). Hili lisipoeleweka, kisa hakieleweki. Hema la langoni halikuwa la chama cha siasa. Lilikuwa la parokia. Zamu zilipangwa kwa parokia, leo kijiji hiki, kesho kile, mapadre mbele, akina mama wengi nyuma yao. Maandamano yalianza mjini Julai, yakahamia langoni tarehe 16 Agosti na madai saba. Baadhi yalikuwa ya kila siku kabisa: nafuu ya bei ya mafuta ya taa yanayoendesha mashine za mitumbwi, na fidia kwa siku ambazo idara ya hali ya hewa inawakataza kwenda baharini. (Upepo unaowazuia Juni hadi Septemba ni ule ule tunaouita kusi.) Dai zito lilikuwa moja: ujenzi usimame hadi wataalamu huru wachunguze pwani, na wananchi wawe na mwakilishi wao kati ya wataalamu hao.

Nikumbushe jambo moja ambalo mawakili wa kampuni hawakuwa na sababu ya kulitaja. Kilomita ishirini hivi kaskazini, kwenye pwani hiyohiyo, kuna Thumba. Miaka ya 1960 wavuvi Wakatoliki wa pale walikubali kuhama na kuliachia taifa kanisa lao la Mtakatifu Maria Magdalena, ili India ipate mahali pa kurushia roketi zake za kwanza. Roketi ya kwanza iliruka Novemba 1963, na kanisa likawa ofisi ya wahandisi. Kwa hiyo kusema jamii hii kwa kawaida yake hupinga maendeleo ni kuisingizia.

Kwa nini kampuni ilienda kuwashtaki polisi

Kampuni na mkandarasi wake waliwasilisha maombi yao Mahakama Kuu. Walisema waandamanaji wamevunja vizuizi vya polisi, wameingia eneo la ujenzi, kazi imesimama, na askari wapo wakitazama tu.

Msomaji wa kwetu angetarajia kesi ya zuio dhidi ya waandamanaji. Kerala kuna njia ya mkato. Ibara ya 226 ya Katiba ya India inaipa Mahakama Kuu mamlaka ya kumwamuru ofisa wa umma atimize wajibu wake. Hivyo mlalamikiwa wa kwanza anakuwa serikali na polisi wake, na wanaozuia mlango wanaunganishwa ili nao wasikike. Mwombaji haombi haki mpya. Anasema: polisi tayari wana wajibu wa kunilinda, hawautimizi, waambieni wautimize. Kesi ya zuio ya kawaida ingekwenda mahakama ya chini na kuchukua miaka. Ombi la namna hii husikilizwa ndani ya siku chache.

Njia hiyo imekanyagwa sana, na walioikanyaga zaidi si matajiri wa bandari. Ni wenye maduka, wenye maghala na watu wanaojenga nyumba, wakigombana na vyama vya wapagazi. Kerala ina vyama vya wapagazi vyenye nguvu, na sheria yao ya mwaka 1978 iliwapa ulinzi waliouhitaji kweli dhidi ya waajiri wa kibarua. Ila palizuka na desturi iitwayo nokkukooli, maana yake ujira wa kutazama. Umeleta mzigo wako, umeushusha kwa watu wako au kwa kreni. Wapagazi wa eneo wanakuja wanadai walipwe kwa kuutazama ukishushwa. Usipolipa, lori halisogei. Serikali iliipiga marufuku desturi hiyo kuanzia tarehe 1 Mei 2018. Septemba 2021, hapo hapo Thumba, lori lililobeba mtambo wa kituo cha anga za juu lilizuiwa kwa madai ya namna hiyo, na Mahakama Kuu ikasema kwa ukali kwamba jambo hilo lazima likome. Jaji wa Kerala anapopokea ombi la ulinzi wa polisi basi, kwenye kumbukumbu ya mahakama yake kuna rundo la maombi ya namna hiyo, na kwenye mengi yao haki iko upande mmoja waziwazi.

Kwa maoni yangu hapa ndipo hatari ya njia hii ilipo. Chombo kilichonolewa kwa ujira wa kutazama kikapelekwa kwenye ugomvi wa mchanga. Kwenye ugomvi wa kwanza ukiondoa kizuizi umemaliza. Kwenye wa pili kizuizi ni dalili tu ya kitu ambacho ombi lenyewe halikiulizi. Mahakama ya Juu ya India iliwahi kuonya mwaka 2006, kwenye kesi iliyotoka Kerala hiyohiyo, kwamba ombi la ulinzi wa polisi lisigeuzwe mlango wa nyuma wa kuamulia haki zinazobishaniwa. Onyo hilo lilihusu watu wanaogombea mali na madaraka, lakini wazo lake linafika mbali zaidi ya hapo.

Alichoamua jaji

Jaji Sivaraman hakuingia mtegoni. Hakusema bandari haili pwani, wala hakusema inaila. Alisema mradi una vibali vyote, na mwenye malalamiko juu ya mradi ayapeleke kwenye chombo kinachohusika. Hayawezi kuwa sababu ya kuzuia kazi iliyoruhusiwa. Haki ya kuandamana ipo, haki ya kuziba njia ya mwingine haipo. Kisha akaongeza kipande ambacho mimi nakiona ndicho cha kusomwa zaidi: polisi wa jimbo wakiona hawawezi, waombe msaada wa vikosi vya serikali kuu.

Kipande hicho kinawanyang'anya polisi utetezi wao wa kawaida. Linganisha na kisa cha Uingereza cha mwaka 1995. Kampuni moja ilikuwa ikisafirisha ndama na kondoo hai kwenda Ulaya kupitia bandari ndogo ya Shoreham. Watetezi wa wanyama walijaa barabarani, polisi wa Sussex wakatoa askari zaidi ya elfu kwa siku kadhaa, bajeti ikayeyuka. Mkuu wa polisi akaamua: nitawasindikiza siku mbili kwa wiki, siku nyingine malori yenu yatarudishwa. Kampuni ilishtaki. Kesi ilipanda hadi House of Lords, wakati huo mahakama ya juu kabisa ya Uingereza, na Novemba 1998 majaji wakasema mkuu wa polisi ana watu wengine wa kuwalinda na fedha zake zina mwisho. Uamuzi wake ulikuwa wa busara na mahakama haiwezi kumpangia askari. Kule Luxembourg mahakama ya Ulaya ilikuwa imesema jambo lenye ladha tofauti Desemba 1997, ilipoihukumu Ufaransa kwa kuacha wakulima wake wakivamia malori ya matunda na mboga ya Hispania mwaka baada ya mwaka. Uingereza ilimwamini polisi aliyefanya hesabu. Ufaransa ilihukumiwa kwa kuwa haikufanya la maana miaka kumi.

Kerala, kwa kutaja vikosi vya serikali kuu mapema namna ile, ilikataa hesabu kabla haijaletwa. Kwamba askari hawatoshi si jibu, kwa sababu wapo wengine. Kisheria ni safi. Tatizo ni kwamba uhaba wa askari haukuwa sababu ya hema kubaki.

Siku 96

Polisi wa Thiruvananthapuram walikuwa na kumbukumbu. Tarehe 17 Mei 2009, Beemapally, mtaa wa wavuvi kwenye pwani hiyohiyo, polisi walifyatua risasi wakati wa ghasia na watu sita wakafa. Ng'ambo ya mpaka, jimbo la Tamil Nadu, mwezi Mei 2018 polisi waliwapiga risasi watu waliokuwa wakipinga kiwanda cha shaba cha Thoothukudi. Waliokufa walikuwa 13. Ofisa aliyetakiwa kung'oa hema lenye akina mama na mapadre alijua kwamba siku mambo yakiharibika tume ya uchunguzi itamwita yeye. Jaji haitwi.

Na serikali? Serikali ya mrengo wa kushoto ya Pinarayi Vijayan, Waziri Kiongozi wa jimbo wakati huo, iliitaka bandari. Tarehe 1 Novemba chama chake na BJP, chama cha Waziri Mkuu wa India Narendra Modi, ambao kwa kawaida hawapeani hata mkono, walipanda jukwaa moja kuunga mkono bandari. Bado haikuwa tayari kuingiza virungu kwenye kundi la waumini. Ikabaki kusema mahakamani kwamba inajitahidi, huku kampuni ikirudi mara ya pili na ya tatu na maombi ya kulalamika kwamba mahakama inadharauliwa. Oktoba jaji alirudia: vizuizi vya barabarani viondolewe. Hema likabaki.

Ukilisoma kwa haraka utasema mahakama ilidharauliwa. Mimi nasita. Amri ilikuwa na kazi nyingine isiyoandikwa. Iliiambia Jimbo Kuu kwamba saa inahesabu, iliiambia serikali kwamba haiwezi kujificha milele, na iliipa kampuni karatasi ya kuweka kwenye faili siku ikidaiwa kwa nini imechelewa. Muda wa awali wa kumaliza bandari ulikuwa Desemba 2019, na ulishapita zamani. Nani anabeba gharama ya kuchelewa ni swali la mkataba, na kwa swali hilo amri ya ulinzi isiyotekelezwa ni mali. Sisemi kampuni haikutaka lango lifunguliwe. Nasema haikutoka mikono mitupu lilipobaki limefungwa.

Kilichovunja utulivu ni jaribio la kuitekeleza amri. Jumamosi tarehe 26 Novemba malori ya mawe yalifika langoni. Waandamanaji waliyazuia. Upande wa pili wakatokea wakazi wanaoitaka bandari, wengi wao Wahindu wa vijiji vya jirani kama Mulloor, na mawe yakarushwa. Sasa ugomvi wa kampuni na wavuvi ukapata sura ya dini mbili, sura ambayo Kerala inaiogopa kuliko mgomo wowote. Polisi walifungua kesi na kumtaja hata Askofu Mkuu Thomas Netto. Kesho yake baadhi ya watu wakakamatwa, na jioni umati ukakivamia kituo cha polisi cha Vizhinjam kutaka waachiwe. Zaidi ya askari 30 waliumia, magari yao yakapinduliwa, na kesi ikafunguliwa dhidi ya watu zaidi ya 3,000.

Hakuna risasi iliyoua mtu usiku ule. Natamani jambo hili lingesemwa zaidi kuliko linavyosemwa.

Siku chache baadaye serikali ya jimbo ikaiambia mahakama kwamba haina pingamizi vikosi vya serikali kuu vikija. Kipande kile cha amri ya Septemba sasa kilikuwa mezani, kikiwa hai. Huwezi kuthibitisha ni kipi kilichoibana Jimbo Kuu zaidi: fedheha ya kituo kuvamiwa, hofu ya ugomvi wa dini, au picha ya askari wa Delhi wenye bunduki mbele ya akina mama wa parokia. Tarehe 6 Desemba viongozi wake walikutana na Waziri Kiongozi na maandamano yakaisha, karibu siku 140 ukihesabu tangu Julai. Dai la kusimamisha ujenzi liliachwa. Familia zisizo na nyumba ziliahidiwa kodi ya pango ya rupia 5,500 kwa mwezi na fleti ndani ya mwaka mmoja na nusu. Kulikuwa na pendekezo la kuongeza 2,500 kutoka mfuko wa misaada wa kampuni. Kanisa lilikataa kugusa fedha hizo. Wavuvi wengi walisema 5,500 haipangi nyumba popote Thiruvananthapuram.

Siku mbili hazikupita, mashine zikaanza kunguruma.

Nini kingeandikwa tofauti

Nikiwa na kalamu ya jaji, nisingebadili msingi. Mwenye kibali anastahili njia, na mahakama ikisema vingine kila mwenye hema anakuwa mamlaka ya mipango. Ningebadili mambo mawili ya kiutendaji. Amri ilimwambia polisi alinde, haikumwambia hema lihamie wapi. Kumwambia mtu andamana bila kuziba, bila kumwonyesha pa kukaa, ni kumwachia ofisa wa zamu achore mstari usiku, na ofisa wa zamu ataahirisha. Mita mia mbili pembeni ya lango, zimepimwa na kutajwa kwenye amri, zingempa padre kitu cha kuwaambia watu wake na zingempa ofisa kitu cha kusimamia.

La pili linahusu chombo kinachohusika. Chombo kilikuwepo: Mahakama ya Mazingira ya India iliipitisha bandari Septemba 2016 na kuagiza wataalamu waufuatilie ujenzi. Wavuvi walilalamika kwamba ufuatiliaji huo hawauoni wala hawaujui. Kuwarudisha huko bila kuagiza ripoti za ufuatiliaji ziletwe na zisomwe hadharani kulikuwa sawa na kumwelekeza mtu dirisha lenye pazia. Jaji angeweza kuziagiza bila kuamua lolote juu ya mchanga.

Sisi wa pwani hii tuna sababu ya kulifuatilia jambo hili kwa karibu. Mei 2024 Adani walisaini mkataba wa miaka 30 wa kuendesha gati ya pili ya kontena bandarini Dar es Salaam. Na Lamu, ambako gati zilijengwa juu ya maeneo ya uvuvi, wavuvi hawakuziba lango. Walikwenda Mahakama Kuu, na mwaka 2018 ikaagiza fidia ya shilingi bilioni 1.76 kwa watu 4,600 hivi. Kupata hukumu ni hatua moja. Kuipata fedha mkononi ikawa safari nyingine ndefu. Mtu wa Vizhinjam akikuuliza kwa nini alipaswa kungoja mahakama kama wenzake wa Lamu, sijui kama ungekuwa na jibu la kumtosha.

Oktoba 2023 meli ya kwanza, Zhen Hua 15, iliingia Vizhinjam ikiwa imebeba kreni. Julai 2024 ikaja meli mama ya kwanza ya kontena, San Fernando. Tarehe 2 Mei 2025 Waziri Mkuu Narendra Modi aliizindua bandari rasmi. Fleti 332 za Muttathara, zilizojengwa kwa ajili ya wavuvi waliopoteza nyumba, zilikabidhiwa Agosti mwaka huo.